Sentensi Iliyozidi Mdomo

Banda lilikuwa Barani, Malindi, nyuma ya mashine ya kusaga mahindi,
kuta za makuti, viti vya mbao za kreti za soda,
kiingilio shilingi kumi, watoto tano.
Chengo alikaa ubavuni mwa televisheni
na maikrofoni iliyozungushiwa utepe mweusi,
akawasemea Wazungu, Wahindi, Wachina,
wanawake kwa sauti nyembamba,
mbwa kwa sauti yake mwenyewe.

Mchana alikuwa mume wa mama yangu.
Mimi sikumwita chochote.
"Kamwambie chai tayari," mama akisema,
nilikwenda nikasimama mlangoni, nikakohoa.

Alikuja na Baya, mwanawe, na godoro moja,
na redio isiyo na mgongo.
Baya akalala upande wa ukuta, mimi upande wa mlango,
katikati mama akaweka kapu la nguo.
Majirani wakatuhesabu kwa vidole:
huyu wa mama, yule wa baba,
wa tumboni wa wote wawili.
Bibi akasema kuku mgeni hakosi kamba mguuni,
nami nikasikia "kambo",
nikaiangalia miguu ya Chengo kutwa nzima.

Filamu zilikuwa upande wangu.
Mama wa kambo alitia kitu kwenye uji.
Baba wa kambo alifungua mkanda.
Hata muziki ulimjua kabla hajaingia.
Nyumbani Baya aliunusa uji wa mama yangu kwanza,
na mimi nikauficha mkanda wa Chengo
ndani ya pipa la mahindi.
Wiki nzima alifunga suruali kwa kamba ya katani.
Hakuuliza.

Ijumaa moja, filamu ya nyumba yenye ngazi.
Mwanamume mwenye kidevu kama shoka amesimama juu,
mtoto chini, na begi lake.
Mwanamume akafungua mdomo mara moja,
neno moja, labda mawili, mlango pa!
Lakini maikrofoni iliendelea:
"Mwanangu, najua nimekuta kiti cha mtu.
Sijakikalia. Nimesimama tu,
mpaka utakaponionyesha pa kukaa,
hata kama ni kizingitini."
Mdomo umefungwa. Mlango umefungwa.
Gari la polisi linapita tayari kwenye kioo
na sentensi bado inatoka.
Wavulana wa mbele wakapiga miluzi:
Chengo, leo umekunywa nini?

Kidato cha pili nikawa na Kiingereza cha kutosha
kurudi na kusikiliza chini ya sauti yake.
Yule mtu alisema: Potea.

Siku hizi filamu zimejirekebisha.
Nimeziona Mombasa, kwenye viti vinavyolala nyuma.
Baba wa kambo anaunguza mkate, anachekwa,
anakosea jina la mwalimu,
mtoto anaanguka ziwani, wanakumbatiana hospitali,
dakika tisini na nne, taa zinawashwa.
Ni nzuri. Nalia kama wengine.
Ila ndani yake simwoni mtu
anayekula nanyi miaka sita bila kuitwa jina.
Sikioni kile kikao cha usiku, cha kunong'ona,
karo ya muhula huu iende kwa Baya au kwangu,
wala yule mdogo, wa wote,
akiuliza kwa nini yeye peke yake
hana nusu.

Banda sasa ni duka la kutengeneza simu.
Kila mtu ana sinema mfukoni, Chengo ana kuku kumi na mmoja.
Disemba nilikwenda na kompyuta,
nikaiweka juu ya stuli, nikazima sauti.
"Imeharibika?" akauliza.
Nikasimama mlangoni, nikakohoa.

Akavuta kiti.
Mkono ukapapasa ubavuni, ukitafuta maikrofoni,
ukarudi na kiganja kitupu, akakikunja mbele ya midomo.
Kwenye kioo mwanamke wa koti jekundu
anashuka garini na watoto watatu wasiofanana.
"Sasa huyu," Chengo akaanza,
kabla mwanamke hajafungua mdomo.